Jina langu halimo kwenye daftari la kijiji: je, shamba la baba limeshakwenda?

Mzee Wakili, shikamoo.

Mimi ni mama wa watoto wawili, mzaliwa wa Mombasa, na nauza vyombo vya nyumbani hapa hapa mjini. Asili yetu ni Kutch, jimbo la Gujarat, India. Baba alikuja Mombasa akiwa kijana, akawa fundi mwashi, baadaye akachukua kandarasi zake mwenyewe. Mwaka 1996 alirudi kijijini kwao karibu na Bhuj na mama, nasi watoto tukabaki tulipo: mimi hapa, dada yangu Harrow, London. Kaka yetu mmoja tu ndiye aliyewafuata wazee.

Shamba ni ekari 12, lina miembe na mitende. Babu alifariki 1953, baba na baba mdogo wakagawana, na hizo ekari 12 ndizo fungu la baba. (Baba mdogo kwa Kigujarati tunamwita "kaka". Wanangu wakinisikia kwenye simu wanachanganyikiwa, hawajui nazungumza na nani. Humu nikisema kaka, ni ndugu yangu wa tumbo moja.)

Mama alifariki 2011, baba akafariki Januari 2019. Tulikwenda kumwaga majivu, tukalia, tukarudi. Hakuna aliyetaja shamba. Kisha ikaja korona, mambo yakalala.

Mwezi uliopita binamu yangu aliyeko Bhuj alinitumia picha ya fomu ya shamba kutoka kwenye simu yake. Nilivuta picha ile kwa vidole viwili mpaka herufi zikawa kubwa kama kucha. Jina la kaka peke yake. Mimi simo, dada hayumo. Binamu anasema jina lilibadilishwa 2020 kwa wasia ambao baba aliuandika miezi mitatu kabla ya kufa, una sahihi yake na mashahidi wawili, mmoja wao shemeji yake kaka. Sasa Mzee, baba alipata kiharusi 2017, mkono wa kulia ukafa. Tangu siku hiyo benki alikuwa anaweka dole gumba, mimi mwenyewe nilikuwa naye mara moja. Sahihi hiyo imetoka wapi?

Nilipompigia kaka alisema sisi mabinti tulipewa chetu, dhahabu ya harusi. Tena akasema ni yeye aliyemgeuza baba kitandani miaka miwili, sisi tulikuwa tunatuma pesa na picha. Hilo la mwisho ni kweli, na liliniuma.

Kila mwaka namtumia rakhi kwa posta, ule uzi ambao dada humfunga kaka mkononi. Mwaka huu rakhi ilifika, na baada ya wiki moja akaniletea karatasi kwa WhatsApp: niitie sahihi mbele ya mthibitishaji hapa Mombasa, nimrudishie. Imeandikwa "hak kami". Anasema ni utaratibu tu, kuna mtu anataka kununua ekari tano na wakili wa mnunuzi ameiomba. Dada yangu anasema nitie sahihi tuishi kwa amani. Rafiki mmoja ananiambia jina likishatoka kwenye daftari la serikali kesi imekwisha, tena mimi ni raia wa Kenya, mgeni haruhusiwi kuwa na shamba India. Kadi ya OCI, ile ya watu wa asili ya India walio raia wa nchi nyingine, ninayo. Karatasi nyingi za baba zilikuwa kwenye sanduku la bati lililofukiwa na nyumba kwenye tetemeko la 2001, zilizotolewa nusu zimeoza.

Je, limeshakwenda?

Binti wa Fundi, Mombasa

*

Marahaba, mwanangu.

Shamba halijakwenda. Linaweza kwenda, lakini si kwa sababu anayoisema rafiki yako.

Rafiki yako anafikiri kwa Kikenya. Sisi tumezoea hati miliki. Sheria yetu ya Usajili wa Ardhi ya 2012, kifungu cha 26, inasema cheti cha msajili ni ushahidi wa awali kwamba aliyetajwa humo ndiye mwenye mali, isipokuwa pawe na ulaghai na mambo kama hayo. Kwa hiyo Mkenya akiona jina limebadilika serikalini, moyo unamshuka hadi tumboni. Daftari ulilolivuta kwa vidole viwili si la namna hiyo. Ni daftari la kodi. Waingereza waliotunga Sheria ya Mapato ya Ardhi ya Bombay mwaka 1879, ambayo ndiyo Gujarat inaitumia mpaka leo baada ya kuibadili jina na vifungu, walitaka kujua jambo moja kila msimu: kipande hiki nani analima, nani tumdai. Nani mwenye mali kwa haki, hilo waliliachia mahakama.

Fomu uliyoiona wenyewe wanaiita saat-baar, saba-kumi na mbili, kwa kuwa ni fomu mbili za kijiji zilizounganishwa: namba 7 inaonyesha mshikaji, namba 12 inaonyesha mazao. Nyuma yake kuna fomu namba 6, hakk patrak, na hiyo ndiyo unayoihitaji wewe. Kila jina linapobadilika huandikwa humo ingizo, "nondh", lenye namba, tarehe na sababu: mauzo, urithi, wasia, mgawanyo. Kaskazini, Uttar Pradesh na Bihar, kazi hiyo hiyo wanaiita dakhil-kharij, huyu kaingia, yule katoka. Utagundua mengi huko unayajua tayari kwa Kiswahili: hak, vakil, nakal, tarikh. Nilianza maisha kama karani wa wakili wa Kigujarati hapa Mombasa, na wiki ya kwanza nilidhani wananitania.

Mahakama ya Juu ya India imelirudia jambo hili mara nyingi, tangu miaka ya tisini na kabla: ingizo la daftari la mapato halimpi mtu umiliki wala halimwondolei. Linahusu kodi tu. Na Septemba 2021, katika kesi ya Jitendra Singh dhidi ya Jimbo la Madhya Pradesh, ilisema neno linalokuhusu hasa. Mtu alitaka jina lake liingizwe kwa nguvu ya wasia, wengine wakapinga. Majaji wakasema haki inapobishaniwa, na hasa inapodaiwa kwa wasia, anayedai aende mahakama ya madai kwanza. Afisa wa mapato si wa kuamua wasia ni wa kweli au wa kughushi.

Usishangilie bado. Sheria hiyo hiyo ya Gujarat, kifungu cha 135J, inasema ingizo lililothibitishwa litachukuliwa kuwa kweli mpaka kinyume chake kithibitishwe. Kwa lugha ya sokoni: kaka yako amekaa kwenye kiti, wewe ndiye wa kumwinua. Na akiwa kwenye kiti hicho anaweza kumwonyesha mnunuzi fomu safi yenye jina moja. Ekari tano zikishauzwa na kusajiliwa, utakuwa unapambana na ndugu pamoja na mgeni aliyelipa pesa zake. Hapo ndipo hatari yako ilipo.

Sasa tuhesabu, maana nadhani hata kaka yako hajahesabu.

Umeandika babu alifariki 1953, labda bila kujua umetaja jambo kubwa kuliko yote katika barua yako. Sheria ya Urithi ya Wahindu ilianza tarehe 17 Juni 1956. Baba aliyerithi kwa babake baada ya siku hiyo, kwa kawaida mali ile ni yake binafsi. Aliyerithi kabla, kwa sheria ya zamani, mali ile mikononi mwake ni ya ukoo, na watoto wana fungu humo tangu kuzaliwa. Zamani watoto maana yake wavulana. Marekebisho ya tarehe 9 Septemba 2005 yakawaingiza mabinti sawasawa, na Agosti 2020, katika kesi ya Vineeta Sharma, Mahakama ya Juu ikakata maneno kwamba haki ya binti ni ya kuzaliwa.

Kwa hiyo chukulia kwamba siku moja kabla baba hajafa shamba liligawanywa. Mama hayupo. Wako wanne: baba, kaka, dada, wewe. Ekari 12 kwa wanne ni ekari tatu kila mmoja. Baba angeweza kuusia ekari zake tatu tu. Zenu hazikuwa zake kuziusia. Basi hata wasia ule ukiwa wa kweli, wino wa baba kabisa, kaka anapata sita, wewe tatu, dada tatu. Wasia ukianguka, zile tatu za baba zinagawanywa kwenu watatu, na kila mmoja anaondoka na nne. Ungepoteza yote kama shamba lingekuwa mali ya baba binafsi na wasia ukasimama. Ndiyo maana wakili wa upande wa pili atapigana kuonyesha kwamba babu alikufa baada ya 1956, au kwamba baba alilinunua. Nawe jambo lako la kwanza ni kupata karatasi ya mwaka 1953.

Usilie kwa ajili ya sanduku la bati. Kilichomo humo kilikuwa nakala. Asili iko serikalini. Gujarat wana tovuti iitwayo AnyRoR, ambayo bila shaka ndiyo binamu yako aliyoitumia, na humo wameweka pia picha za fomu za zamani zilizoandikwa kwa mkono. Mwambie aingie tena atafute ingizo la kifo cha babu na lile la mgawanyo wa baba na baba mdogo. Asipoliona, aende ofisi ya taluka, yaani tarafa, aombe nakal iliyothibitishwa. Picha ya simu haipokelewi mahakamani. Akiwa huko achukue pia nakala ya ingizo la 2020 na kila kilichoambatanishwa nalo: wasia, maelezo ya mashahidi, na pedhinamu, ile orodha ya ukoo anayoiandaa talati, karani wa kijiji. Isome orodha hiyo kwa makini sana. Kama wewe na dada hamkutajwa, kuna mtu alidanganya mbele ya afisa. Kama mmetajwa, swali ni moja: notisi ya kifungu cha 135D, inayopaswa kwenda kwa kila mwenye maslahi kabla ingizo halijathibitishwa, mlitumiwa wapi na lini? 2020, dunia imefungwa, wewe uko Mombasa. Ningependa sana kuiona hiyo notisi.

Milango ya kugonga ni miwili, na watu wengi wanakosea kwa kugonga mmoja wakakaa hapo wakisubiri.

Wa kwanza ni wa ofisi ya mapato. Rufaa dhidi ya ingizo huenda kwa afisa wa Prant, yaani sehemu ya wilaya, kutoka kwake kwa Kolekta, mkuu wa wilaya, kisha kwa Katibu Maalumu wa idara ya mapato kule Ahmedabad, kisha Mahakama Kuu. Muda wa rufaa ya kwanza ni siku 60. Zimepita zamani, lakini uchelewaji unaweza kusamehewa ukieleza kwamba hukupewa habari, na ukieleza kwa kiapo ulijua siku gani. Kwa hiyo hifadhi ujumbe wa binamu ukiwa na tarehe yake. Fungua rufaa hiyo, omba pia maingizo mapya yasimamishwe, halafu usiitegemee. Nimewaona watu wakipanda ngazi ile miaka minane, kufika juu wakaambiwa: wasia unabishaniwa, nendeni mahakama ya madai.

Huo ndio mlango wa pili, na wewe anza nao, au yote miwili wiki moja. Kesi ya mgawanyo Bhuj, pamoja na ombi kwamba wasia utangazwe hauna nguvu juu ya fungu lako, na zuio la muda asiuze. Zuio ndilo la haraka kuliko yote. Na wakili wako asajili taarifa ya kesi kwa msajili wa hati, ili mnunuzi asije kusema hakujua. Kwa Gujarat usajili huo una uzito wake, usikubali aambiwe "tutafanya baadaye". Saa nayo inatembea. Ombi la tamko lina miaka mitatu tangu haki ya kushitaki ilipoanza, na upande wa pili watajaribu kuihesabu kutoka 2020. Aliyetengwa kwenye mali ya ukoo ana miaka 12 tangu ajue ametengwa. Usiingie kwenye ubishi wa hesabu hizo kama unaweza kuuepuka kwa kufungua kesi mapema.

Kuhusu sahihi. Mwenye kuuleta wasia ndiye wa kuuthibitisha, tena kwa kumleta angalau shahidi mmoja aliyeutia sahihi. Wasia unapompa mtu mmoja kila kitu, na mtu huyo ndiye aliyekuwa anamtunza mgonjwa, na shahidi ni shemeji yake, mahakama za India huwa zinauliza maswali magumu. Dole gumba la benki ni dhahabu kuliko ile ya harusi yako. Omba rekodi za benki za 2017 na 2018, na za hospitali. Baba mdogo naye, kama akili yake bado iko sawa, aandike kiapo sasa hivi. Wazee hawangoji kesi. Kesi za ardhi India zina sifa moja mbaya, hurithiwa pamoja na ardhi yenyewe.

Na hiyo dhahabu: haikatwi kwenye fungu. Sheria haina mizani ya bangili kwa ekari.

Uraia. Mgeni, hata mwenye OCI, haruhusiwi kununua shamba la kilimo India. Kurithi ni jambo jingine, unaruhusiwa, na baba yako alifariki akiwa mkazi wa kule. Siku ukitaka kuuza utamuuzia raia wa India anayeishi India, si mwingine. Rafiki yako alisikia nusu.

Utahitaji mtu wa kukuwakilisha. Nenda ofisi ya ubalozi mdogo wa India hapo Mombasa, utie sahihi hati ya uwakilishi mbele ya afisa, na ikifika India ipigwe stempu ndani ya miezi mitatu. Andika humo kazi tatu tu: kuchukua nakala, kufungua na kuendesha kesi, kuhudhuria ofisi za mapato. Huko kuna karatasi iitwayo kul-mukhtyarnamu, na hilo "kul" ni lile lile la kulla kwetu. Yote. Usimpe mtu yote, hata binamu mzuri namna hii. Nusu ya majalada ya ardhi niliyoyapanga ujanani yalianza na mtu aliyepewa yote.

Hapo juu nimesema kama wakili, nawe umeniandikia pia kama dada. Kaka yako alimgeuza baba kitandani miaka miwili. Mahakama haitamlipa kwa hilo, lakini wewe unaweza. Kabla kesi haijaiva, mpelekee hesabu niliyokufanyia, kwa maandishi na kwa upole, umwambie uko tayari kukaa chini, labda achukue sita bila kubishana juu ya wasia, ninyi mabinti mchukue tatu tatu. Mkikubaliana, yaandikwe na yasajiliwe, ndipo daftari lirekebishwe na majina yote matatu yaingie. Zuio liombe hata hivyo. Mazungumzo huenda vizuri zaidi shamba likiwa halina mnunuzi mlangoni. Dada yako wa Harrow mwambie fungu lake halimhitaji awe na hasira; anahitaji tu asitie sahihi.

Maana karatasi ya hak kami ni kuachia haki. Kisheria kuachia haki ya ardhi kunataka hati iliyosajiliwa, lakini karatasi yenye sahihi yako na mhuri wa mthibitishaji wa Mombasa ikishaingia jalada la talati, utatumia miaka kueleza kwamba hukuielewa. Usiitie sahihi. Wala usiifute. Ichapishe pamoja na ujumbe ulioisindikiza, namba ya simu na tarehe vionekane, uiweke mahali pakavu. Kaka yako anasema wasia ulimpa shamba lote na daftari limemkubali tangu 2020. Muulize wakili wako, kwa upole tu, kama hivyo ndivyo, sahihi yako anaitafutia nini.